Kesi ya ajali tayari iko mahakamani, na madai hayatoshi: unachoweza kurekebisha, na mpaka lini

Mtu aliyegongwa na gari hupeleka madai yake ya fidia wakati bado anajua machache kuhusu hali yake mwenyewe. Mguu ungali kwenye plasta. Hajui kama mfupa utaunga vizuri, kama chuma alichowekwa kitabidi kitolewe baadaye, wala kama mwajiri atamrudisha kazini. Hata jina la mwenye gari analijua kwa kuambiwa tu pale kituo cha polisi. Miezi inapita, mambo yanabadilika, na swali linazuka wodini, kwenye stendi za bodaboda na katika makundi ya WhatsApp ya familia: yale niliyoandikiwa na wakili mwanzoni yanaweza kubadilishwa, au ndiyo yamenifunga?

Mitaani kuna majibu mawili, na yote yanaumiza watu. Wengine husema kesi ikishasajiliwa haiguswi tena. Wengine husema hakuna haja ya kugusa chochote, kwa kuwa hakimu akikuona unavyochechemea atakuongezea pesa mwenyewe. Kwa sheria ya Kenya, ambayo ndiyo inayofuatwa katika makala haya, hakuna lililo kweli kati ya hayo mawili. Madai hurekebishwa, tena ni jambo la kawaida kabisa mahakamani. Ila nafasi ya kurekebisha inazidi kuwa finyu kadiri kesi inavyosonga mbele, na kuna mambo ambayo miaka mitatu ikishapita tangu siku ya ajali hayarekebishiki tena.

Tuanze na maneno yenyewe. Aliyeumia na kufungua kesi ni mdai. Anayeshtakiwa ni mdaiwa. Karatasi ambayo mdai anaeleza ajali ilivyotokea, kosa la dereva, majeraha aliyopata na anachoomba alipwe inaitwa hati ya madai. Mdaiwa hujibu kwa hati ya utetezi. Kurekebisha madai maana yake ni kubadilisha kilichoandikwa katika hati ya madai, kwa kuongeza, kupunguza au kusahihisha, bila kufungua kesi mpya. Namba ya kesi inabaki ileile, na kwa kawaida yale yaliyorekebishwa huhesabiwa kana kwamba yalikuwamo tangu siku kesi iliposajiliwa. Kipengele hiki cha mwisho ndicho kinachofanya marekebisho yawe na thamani kubwa, na ndicho kinachoyafanya yabishaniwe vikali pia.

Anayeshtakiwa ni nani hasa

Watu wengi husema "nimeishtaki bima". Katika kesi ya ajali unamshtaki dereva na mwenye gari. Kampuni ya bima iko nyuma yao. Sheria ya Bima ya Magari kwa Watu wa Tatu, Sura ya 405, inamlazimu kila mwenye gari kuwa na bima inayowalinda watu wengine barabarani, na inailazimu kampuni ya bima kulipa hukumu itakayotolewa dhidi ya mteja wake, mradi masharti yametimizwa. Sharti mojawapo ni kwamba kampuni hiyo ipewe ilani ya kesi kwa wakati. Sheria hiyohiyo haimlazimishi mwenye bima kukata bima inayozidi shilingi milioni 3 kwa mdai mmoja. Hukumu ikipita hapo, kilichozidi hudaiwa mwenye gari mwenyewe.

Hili lina uhusiano gani na marekebisho? Ukirekebisha hati ya madai ili kumwongeza mwenye gari jingine, gari hilo lina bima yake, na bima hiyo nayo inahitaji ilani yake. Mtu anaweza kurekebisha karatasi vizuri kabisa, akashinda kesi, kisha kampuni ya bima ikakataa kulipa kwa sababu haikuarifiwa. Muulize wakili wako waziwazi: ilani imepelekwa kwa bima gani, na nakala yake iko wapi?

Aina mbili za fidia, na kwa nini tofauti yake ni pesa

Ya kwanza ni fidia ya jumla. Hii ni ya maumivu, mateso na yale ambayo mwili hauwezi kuyafanya tena. Haina bei ya dukani. Hakimu hulinganisha majeraha yako na ya watu walioumia vivyo hivyo katika kesi zilizopita, akazingatia pia kwamba shilingi ya leo si ya miaka kumi iliyopita. Katika hati ya madai huandiki kiasi cha fidia hii. Unaandika majeraha. Kwa hiyo anayesema "niliandikiwa pesa kidogo ya maumivu" mara nyingi hana habari kwamba hakuna pesa yoyote iliyoandikwa. Kilichopungua pengine ni jeraha ambalo halikutajwa.

Ya pili ni fidia maalum: fedha zilizokwisha kutoka mfukoni au hasara inayohesabika. Gharama za hospitali, dawa, magongo, ripoti ya daktari, nauli ya kwenda kliniki, mshahara uliopotea ukiwa kitandani. Hapa mahakama za Kenya hazina mchezo. Fidia maalum lazima itajwe kwa kiasi chake katika hati ya madai, kisha ithibitishwe kwa ushahidi kamili. Ukitaja bila risiti, hupati. Ukiwa na risiti lakini hukutaja, hupati vilevile, hata kama hakimu anaishika mkononi na anaamini kila shilingi iliyoandikwa humo. Na ankara inayoonyesha deni si sawa na risiti inayoonyesha kwamba umelipa.

Kuna gharama moja inayowaponza wengi: matibabu ya baadaye. Chuma cha mguuni kitatolewa mwakani, nyonga itahitaji kubadilishwa, mguu wa bandia utachakaa na kununuliwa mwingine. Katika kesi ya Kenya Bus Services dhidi ya Gituma, Mahakama ya Rufaa ilisema gharama hizi nazo lazima zitajwe katika hati ya madai. Daktari anaweza kuja mahakamani na kueleza kwamba upasuaji wa pili hauepukiki, na bado ukakosa hata senti moja kwa ajili yake kwa kuwa hati ilikaa kimya.

Ndiyo maana ile imani kwamba hakimu ataongeza mwenyewe ni hatari. Hakimu huamua mzozo ulioletwa mbele yake kwa maandishi. Mdaiwa ana haki ya kujua tangu mwanzo anadaiwa nini ili aandae majibu, na hakimu akitoa ambacho hakikuombwa, hukumu hiyo itapunguzwa kwenye rufaa.

Hati iliyorekebishwa inaonekanaje

Tuchukue mfano wa kubuni. Abiria wa bodaboda amegongwa na matatu kwenye Barabara ya Thika, karibu na Githurai. Wakili anafungua kesi miezi minne baadaye. Sehemu ya majeraha katika hati ya madai inasema: kuvunjika mfupa wa muundi wa mguu wa kulia, na michubuko ya mkono wa kushoto. Sehemu ya hasara maalum inasema: gharama za hospitali shilingi 184,500, ripoti ya daktari shilingi 5,000.

Miezi tisa baadaye kidonda kimeoza, mfupa umeingiwa na maambukizi, na madaktari wamekata mguu chini ya goti. Hati ile sasa inaeleza majeraha ya mtu mwingine kabisa. Wakili anaandaa hati ya madai iliyorekebishwa. Kanuni inataka jambo ambalo ukiliona mara moja hulisahau: kila neno linaloondolewa hupigwa mstari kwa wino mwekundu, lakini kwa namna ambayo bado linasomeka, na kila neno linaloongezwa hupigiwa mstari mwekundu chini yake. Kwa hiyo katika karatasi ileile utaona "michubuko ya mkono wa kushoto" ipo kama ilivyokuwa, na chini yake, kwa mstari mwekundu: kukatwa mguu wa kulia chini ya goti kutokana na maambukizi ya mfupa. Shilingi 184,500 imepitiwa na mstari lakini inasomeka, na pembeni yake kuna jumla mpya. Kisha kuna aya nzima mpya ya gharama za mguu wa bandia na za kuubadilisha baada ya muda, na nyingine ya kupungua kwa uwezo wa kujitafutia riziki, kwa mtu ambaye kazi yake ilikuwa ya kusimama kutwa nzima.

Hakuna kinachofichwa. Hakimu na upande wa pili wanaona ulichosema kwanza na unachosema sasa. Hapo ndipo watu wanapoingiwa na hofu: je, kubadilisha hakutanifanya nionekane mwongo? Mguu uliokatwa baada ya kesi kufunguliwa si uongo, ni jambo jipya, na ripoti ya daktari inaonyesha tarehe. Kinacholeta shaka ni jeraha linaloibuka bila mzizi wowote: halimo katika kumbukumbu za hospitali ya kwanza, halimo katika fomu ya P3, ile fomu ya polisi ambayo daktari huandika majeraha yako, halafu miaka miwili baadaye linaandikwa kana kwamba lilikuwapo siku ileile. Wakili wa mdaiwa atakuuliza juu ya hilo kizimbani, na ana haki ya kukuuliza. Kampuni ya bima pia kwa kawaida hukupeleka kwa daktari wake akupime upya, na ripoti yake huwekwa kando ya yako.

Mlango unavyozidi kuwa mwembamba

Kurekebisha madai kunafanana na kumrudia fundi cherehani. Nguo ikiwa bado mezani na chaki haijafutika, anabadilisha bila neno. Ikishashonwa, ataiachia kiunoni, mradi aliacha kitambaa cha kutosha kwenye upindo, na atakutoza. Lakini hata angekuwa fundi hodari namna gani, hawezi kuigeuza gauni kuwa suti ya mtu mwingine.

Kabla ya kesi kusajiliwa, wakili huwa ameshampelekea mdaiwa barua ya madai. Hapa hakuna kizuizi chochote: jeraha jipya likionekana, inaandikwa barua nyingine.

Kesi ikisajiliwa, tunaingia katika Agizo la 8 la Kanuni za Utaratibu wa Kesi za Madai za mwaka 2010. Kila upande unaweza kurekebisha hati yake mara moja bila kumwomba hakimu ruhusa, kabla ya hatua ya kubadilishana hati kufungwa. Kwa kawaida hatua hiyo hufungwa siku 14 baada ya hati ya utetezi, au jibu la mdai kwa utetezi huo kama lipo, kukabidhiwa upande wa pili. Ni muda mfupi sana, na wengi huupita wakiwa bado hospitalini.

Baada ya hapo unahitaji ruhusa. Wakili hupeleka ombi lenye hati ya kiapo inayoeleza nini kimebadilika na kwa nini hakikuandikwa mapema, akaambatanisha rasimu ya hati iliyorekebishwa. Mawakili wa pande zote mbili wanaweza pia kukubaliana, na makosa madogo mara nyingi humalizwa hivyo: herufi za namba ya gari zilizopishana, tarehe iliyoandikwa 21 badala ya 12. Hakimu anapoamua, bado anaongozwa na msimamo wa Mahakama ya Rufaa ya Afrika Mashariki wa mwaka 1958, katika kesi ya Eastern Bakery dhidi ya Castelino: marekebisho yanayoombwa kabla ya kesi kusikilizwa yaruhusiwe bila ugumu kama hayamdhulumu mpinzani, na hakuna dhuluma kama usumbufu wake unaweza kufidiwa kwa kulipwa gharama. Ndiyo maana ombi kama hili mara nyingi hukubaliwa, na ndiyo maana mara nyingi unaamriwa kumlipa mdaiwa kiasi fulani cha gharama. Msomaji wa Tanzania atakuta nadharia ileile katika Amri ya VI, kanuni ya 17 ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, kwa kuwa mzizi ni mmoja, ingawa fomu na muda vinatofautiana.

Ruhusa ikitolewa, kazi haijaisha. Hakimu akiweka siku za kuwasilisha hati mpya, zifuatwe. Asipoweka, kanuni inatoa siku 14. Zikipita bila hati kuwasilishwa, ruhusa hufa yenyewe, labda mahakama iongeze muda. Ni jambo la kusikitisha kwamba kuna watu walioshinda ombi na wakapoteza walichoshinda kwa kuchelewa kupeleka karatasi. Naye mdaiwa, akikabidhiwa hati iliyorekebishwa, ana siku 14 za kurekebisha utetezi wake.

Mashahidi wakishaanza kutoa ushahidi, bado inawezekana, lakini sasa hakimu anauliza maswali magumu. Kwa nini hukusema kabla? Shahidi aliyekwisha kuhojiwa ataitwa tena? Daktari wa mdaiwa hakulipima jeraha hili, atalipima lini? Ukileta ombi baada ya pande zote kufunga ushahidi, na jambo lenyewe ulilijua mwaka mzima, usitarajie huruma.

Zingatia pia ukubwa wa dai na mahakama uliyopo. Mahakama ya Madai Madogo haivuki shilingi milioni 1, na sheria yake inataka kesi imalizike ndani ya siku 60. Mahakimu wa mahakama za chini wana viwango vyao chini ya Sheria ya Mahakama za Mahakimu ya mwaka 2015, kuanzia shilingi milioni 5 kwa hakimu mkazi hadi milioni 20 kwa hakimu mkuu. Jeraha la mchubuko likigeuka kuwa ulemavu wa kudumu, marekebisho yanaweza kulipandisha dai juu ya uwezo wa mahakama iliyolipokea, na hapo itabidi Mahakama Kuu iombwe kulihamisha. Kuhusu kama kesi za majeraha ya ajali zinafaa kabisa katika Mahakama ya Madai Madogo, majaji wa Mahakama Kuu wametofautiana, kwa hiyo swali hilo mwulize wakili kabla ya kusajili.

Miaka mitatu, na jina la mtu

Dai la majeraha kutokana na uzembe wa dereva lazima lifunguliwe ndani ya miaka 3. Hiyo ni kwa mujibu wa Sheria ya Ukomo wa Madai, Sura ya 22. Inahesabiwa tangu siku ya ajali, si siku uliyotoka hospitali, wala siku polisi walipomaliza uchunguzi. Kama aliyekugonga alikuwa akiendesha gari la serikali, muda ni miezi 12 tu, na wengi huligundua hilo mwezi wa kumi na tatu. Mazungumzo na kampuni ya bima hayasimamishi saa hii. Ofisa anayekuambia kila mwezi "faili yako inashughulikiwa" huenda anasema kweli, lakini muda wako unaendelea kwisha. Sheria inaruhusu kuomba kuongezewa muda katika hali chache, hasa pale ambapo mtu hakujua na hangeweza kujua jambo la msingi kuhusu dai lake. Mlango huo ni mdogo, usipange safari yako kuupitia.

Sasa, kesi iliyofunguliwa ndani ya muda inaweza kurekebishwa hata baada ya miaka 3 kupita. Agizo la 8 linasema hivyo waziwazi kwa mambo kadhaa. Unaweza kuongeza dai jipya kama linatokana na ukweli uleule au unaokaribiana sana na ulioko tayari kwenye hati. Mguu uliokatwa kwa sababu ya ajali ileile unaingia hapa bila shida. Unaweza pia kusahihisha jina la mhusika, kama kosa lilikuwa la kweli na halikumfanya mtu yeyote ashindwe kuelewa ni nani anayeshtakiwa.

Hapa ndipo kesi nyingi za matatu na malori hukwama. Abstrakti ya polisi, yaani karatasi yao yenye muhtasari wa ajali, huandika jina la mwenye gari kama polisi walivyoambiwa. Gari lenyewe huenda liliuzwa mara mbili bila logibuku, yaani hati ya umiliki wa gari, kubadilishwa, au limesajiliwa kwa jina la benki pamoja na la mnunuzi. Sheria ya Trafiki humchukulia aliyesajiliwa kuwa ndiye mwenye gari mpaka ithibitishwe vinginevyo, na rekodi hizo ziko kwa mamlaka ya usafiri, NTSA. Mahakama zimewahi kukubali abstrakti pale ambapo hakuna aliyeipinga, na zimewahi kudai rekodi rasmi pale ilipopingwa. Kwa hiyo ulizeni rekodi mapema.

Kama hati inasema "Wanjala Transporters" na jina kamili ni "Wanjala Transporters Limited", hilo ni kosa la jina. Litarekebishwa. Lakini kama ulimshtaki ndugu wa mwenye gari ukidhani ndiye, na miaka 3 imepita, kumweka mwenye gari wa kweli mahali pake si kusahihisha jina. Ni kumleta mtu mpya mahakamani baada ya muda kwisha, na huyo mtu atasema, kwa haki, kwamba sheria inamlinda. Majina hayo ya mfano ni ya kubuni, lakini hali yenyewe imejaa katika mafaili ya mahakama zetu.

Kuna njia nyingine ambayo jina hukosekana. Mdaiwa anajibu: matatu yangu haikuwa na kosa, lori lililokuwa mbele lilisimama ghafla bila taa. Pengine anamleta mwenye lori kwenye kesi kama mhusika wa tatu. Mdai anasoma hilo, au hasomi kabisa, akafikiri mambo yao watamalizana wenyewe. Ikifika hukumu, hakimu anaona lori ndilo lenye kosa lote. Mwenye lori yupo mahakamani, lakini wewe hukumshtaki. Ni mdaiwa aliyemwita. Huwezi kupewa hukumu dhidi ya mtu ambaye hukumdai. Dawa yake ni nyepesi ikitumiwa mapema: hati ya utetezi ikitaja gari jingine, rekebisha madai umwongeze mwenye gari hilo kuwa mdaiwa, kabla ya miaka 3 kwisha, na bima yake ipelekewe ilani. Hii ndiyo sababu kubwa ya kutaka nakala ya hati ya utetezi wiki ileile inapofika.

Mdai akifariki

Familia nyingi hudhani kesi inazikwa pamoja na marehemu. Haizikwi. Chini ya Sheria ya Marekebisho ya Sheria, Sura ya 26, dai la maumivu na hasara ya marehemu huendelea kwa niaba ya mirathi yake. Msimamizi, aliyepata barua ya mahakama ya usimamizi hata ile yenye mipaka kwa ajili ya kesi hiyo tu, anaomba kuwekwa mahali pa marehemu. Asipofanya hivyo ndani ya mwaka mmoja, kesi hufa. Kama kifo kimetokana na majeraha ya ajali, hati hurekebishwa kuongeza dai la wategemezi chini ya Sheria ya Ajali za Kifo, Sura ya 32: mume au mke, watoto na wazazi waliokuwa wakitegemea kipato chake, wakitajwa mmoja mmoja. Hapa hesabu hubadilika kabisa, kwa kuwa dai la wategemezi huangalia mapato ya marehemu na miaka ambayo angeendelea kuyapata. Wakati wa msiba ni vigumu kufikiria karatasi, lakini mtu mmoja katika ukoo apewe kazi hiyo, na tarehe ya kifo iandikwe mahali inapoonekana.

Kiapo ulichokisaini

Kila hati ya madai huambatana na kiapo cha mdai kwamba yaliyomo ni kweli. Ukweli ni kwamba watu wengi husaini kiapo hicho hawajasoma kitu. Karatasi huletwa na kijana wa ofisini, au na wale madalali wa ajali wanaozunguka wodini, imefungwa pamoja na nyingine tano, imeandikwa kwa Kiingereza cha kisheria, na mgonjwa anaonyeshwa tu pale pa kutia sahihi. Hivyo ndivyo abiria anaandikwa kuwa mpita njia, mguu wa kulia unakuwa wa kushoto, na ajali ya asubuhi inakuwa ya usiku. Kila kosa kama hilo linaweza kurekebishwa, lakini si bila mtu kuligundua, na anayeweza kuligundua ni wewe uliyekuwapo. Una haki ya nakala ya hati yako na ya kuelezwa yaliyomo kwa lugha unayoielewa. Isome ukiwa na kadi ya hospitali, P3, abstrakti na risiti mkononi, ukilinganisha mstari kwa mstari. Rudia tena kila unapopata ripoti mpya ya daktari.

Pale ambapo hakuna marekebisho tena

Hukumu ikishatolewa, mlango wa kurekebisha madai umefungwa. Mahakama inaweza kusahihisha makosa ya kuandika au ya hesabu katika hukumu yenyewe, na hiyo ni tofauti na kuongeza jeraha. Unaweza kukata rufaa kutoka kwa hakimu hadi Mahakama Kuu ndani ya siku 30. Lakini kama alivyoeleza jaji katika kesi ya Kemfro Africa dhidi ya Lubia, ambayo hutajwa katika karibu kila rufaa ya ajali, mahakama ya rufaa haibadilishi kiwango cha fidia kwa sababu tu yenyewe ingetoa kingine. Hubadilisha kama hakimu alifuata kanuni isiyo sahihi, au kiasi ni kidogo mno au kikubwa mno hivi kwamba kinaonyesha makadirio yalikosewa kabisa. Na fidia hutolewa mara moja tu. Ukiugua zaidi mwaka ujao kwa jeraha lilelile, hufungui kesi ya pili.

Makubaliano nje ya mahakama hufunga mlango huohuo, tena mapema zaidi. Kampuni ya bima ikikubali kulipa, itakuletea hati ya kumaliza madai, ile inayoitwa vocha ya dischaji. Kwa kawaida inasema kwamba umepokea kiasi fulani kumaliza kabisa madai yako yote yanayotokana na ajali hiyo, yanayojulikana sasa na yatakayojulikana baadaye. Maneno hayo ya mwisho ndiyo ya kusoma mara mbili. Makubaliano yakiwekwa mahakamani kama amri ya ridhaa, hayavunjwi isipokuwa kwa sababu nzito kama ulaghai au kosa la msingi. Kujuta hakumo. Kama madaktari bado hawajasema neno la mwisho kuhusu mguu wako, usitie sahihi kwanza; mwombe wakili aiandikie kampuni ya bima kwamba unasubiri ripoti ya pili ya daktari, na kwamba hati ya madai itarekebishwa ripoti hiyo ikitoka.